Kitambaa Cheusi cha Fukui

Mmenichosha kwa maswali. Njeri anataka kujua theluji ikoje mkononi. Prossy anataka kujua tulikula nini. Mwajuma, ambaye hana haya, anataka kujua kama ni kweli Bi Muzna alivua baibui lake katikati ya kiwanda. Kila nikianza kusimulia jikoni kwetu hapa Abu Hamour, Doha, mmoja ananikatiza, sufuria ya mwingine inafurika, na mimi najikuta nimeusema mwisho kabla ya mwanzo. Basi nimeandika. Someni kwa zamu.

Na kwa yeyote atakayeazimwa karatasi hizi na hanijui: mimi ni Tatu, fundi cherehani, mtu wa Tanga. Nakata na kushona mabaibui katika duka la Bi Muzna, Al Sadd. Bi Muzna ni Mqatari, lakini mama yake alizaliwa Unguja, kwa hiyo anakijua Kiswahili, kile cha zamani cha jikoni, na akikasirika anakichanganya na Kiarabu mpaka hujui umetukanwa au umeombewa dua.

Duka letu linajulikana kwa kitambaa kimoja. Ni cheusi ambacho jua la hapa halikigeuzi kijani, kizito kidogo, na ukikishika kinateleza kama maji. Wateja wanafumba macho, wanakipapasa, wanasema, "Hiki hiki." Kinafumwa Japani, katika mji wa Fukui. Mwanzoni mwa mwaka huu wa 2012 wakala anayetuletea akapiga simu: kiwanda kinaacha kukifuma. Khalas, imekwisha. Tutafute kingine.

Tulijaribu vingine. Kimoja kilikwaruza kama gunia, kingine kilimwacha mteja na shingo nyeusi siku ya harusi ya dada yake. Wateja wakaanza kupungua, na sote tunajua duka la Doha likifungwa, fundi wake anakwenda wapi. Anarudi kwao. Kwetu mimi ndiye nimsomeshaye mdogo wangu, na wenzangu wawili dukani wana watoto.

Bi Muzna alikaa siku kadhaa akipiga hesabu kwenye daftari lake. Kisha akaja akasimama mbele ya meza yangu ya kukatia.

"Tatu, weye wajua Kiingereza."

"Kidogo, Bi. Cha hotelini."

"Chatosha. Tunakwenda Japani. Mtu hafiwi kwa simu, anakwenda mwenyewe kuona maiti."

Kutoka Abu Hamour hadi langoni

Njeri, wewe ndiye uliyenifungia sanduku, kwa hiyo usijifanye hujui. Ulinivalisha sweta tatu ukasema, "Wee Tatu, huko baridi itakumaliza, na wewe ni mtu wa joto. Ukifika unitumie picha, sawa? Na uniletee karoboti kadogo ka kuosha vyombo." Roboti sikuiona, samahani.

Bi Muzna alikuja uwanja wa ndege na mkoba mmoja wa nguo na mwingine, mkubwa zaidi, wa tende, halua na thermos ya kahawa. Kwenye mashine ya ukaguzi alikuwepo mlinzi kijana wa Kikenya.

"Mama, hiyo thermos iko na nini ndani?"

"Kahawa."

"Haiwezi pita, mama. Maji yote tunaacha hapa."

"Si maji. Ni kahawa."

"Ni sawa, mama, lakini hata kahawa ni maji."

Bi Muzna alimtazama kama aliyeambiwa dhahabu ni bati. "Wallahi, kahawa niliyoipika kwa mkono wangu haimwagwi. Tatu, toa vikombe."

Nikatoa. Pale pale kwenye foleni akaanza kumimina. Akanipa mimi, akampa baba mmoja wa Kihindi nyuma yetu, na mke wa yule baba, na mtu wa suti aliyekuwa anachungulia saa yake. Kijana akasema haruhusiwi kunywa kazini, ila aliinusa, akacheka, akasema, "Mama, hii yako ni moto." Thermos ikapita tupu. Foleni nzima ikanukia iliki.

Doha hadi Osaka

Ndegeni Bi Muzna alisoma dua, akajifunika blanketi mpaka kichwani, akalala. Mimi nilikaa karibu na Mjapani mmoja wa makamo, fundi wa mabomba kwenye mitambo ya gesi huko kaskazini mwa Qatar, anarudi likizo. Kiingereza chake kilikuwa kama changu, tukaelewana vizuri sana.

Nikamwambia tunakokwenda. Akatikisa kichwa. "Fukui, vitambaa," alisema. "Zamani vingi. Sasa, vichache." Akanieleza kwamba fedha yao imepanda thamani mno, kwa hiyo kila kitu cha Japani kimekuwa ghali kwa mnunuzi wa nje. Nchi nzima inaishi kwa kuuza nje, na sasa nje hawanunui kama zamani. Viwanda vikubwa vinahamia Thailand na Vietnam. Vile vidogo vya ukoo, baba na mama na mashine zao, haviwezi kuhama, vinazima taa kimoja kimoja.

"Na wewe kwenu?" nikamwuliza.

"Baba yangu alikuwa anatengeneza vikombe vya udongo. Sasa anapanda vitunguu," akasema, kisha akacheka. "Vitunguu vyake vizuri."

Sikujua nicheke au nimpe pole, nikafanya vyote viwili.

Osaka hadi Fukui, na treni iliyogoma

Sasa Prossy, chakula. Pale stesheni Osaka nilinunua wali uliofinyangwa umbo la sambusa, umefungwa kwa karatasi nyeusi. Ndani ya treni nikaibandua ile karatasi taratibu, nikaikunja, nikaitia kwenye mfuko wa taka. Wali nikala. Mama mmoja mzee aliyekaa mbele yetu aliweka kiganja mdomoni, mabega yakamtikisika. Halafu akatoa wa kwake, akatuonyesha, akauma wali na karatasi yake pamoja. Ile haikuwa karatasi. Ni mwani! Mwani kama ule wanaolima kina mama wa Unguja, uliokaushwa. Bi Muzna akaniambia, "Umetupa mboga, umekula ugali mtupu."

Tulipita kando ya ziwa kubwa, kisha milima, kisha kila kitu kikawa cheupe, na treni ikasimama. Sauti ya kipaza sauti ikasema maneno marefu. Nje, theluji ilikuwa inaanguka kwa wingi kama mtu anayepepeta unga, na reli haionekani. Tukakaa. Tukazidi kukaa. Behewa zima kimya, watu wanasoma, wanasinzia.

"Watu gani hawa?" Bi Muzna akaniuliza. "Hakuna hata mmoja anayelalamika?"

"Labda wamezoea, Bi."

"Kukaa na njaa hakuzoeleki." Akafungua ule mkoba mkubwa, akainuka, akaanza kupita kati ya viti na sahani ya tende. Watu wakashtuka. Wakainama kumshukuru. Naye akainama kuwarudishia. Wakainama tena, naye akainama tena, ikawa hakuna anayejua nani aache kwanza. Lakini tende zilichukuliwa. Kijana mmoja aliyekuwa na masikio yamezibwa na muziki alirudi kuomba halua mara ya pili. Kisha vikaanza kurudi vitu kutoka kila upande: machungwa madogo yanayomenyeka kwa kidole, biskuti za mchele, mifuko midogo ya dawa ambayo ukiitikisa inapata joto unaitia mfukoni. Yule mama wa wali akatufundisha kuitumia. Hakuwa na Kiingereza hata neno, na tulizungumza naye muda wote.

Reli ilipofunguliwa na sisi tukafika Fukui, mzigo wetu ulikuwa mkubwa kuliko ule tuliotoka nao Doha.

Stesheni alitungoja Emi, mke wa mtoto wa mwenye kiwanda. Ni mwalimu wa Kiingereza, na ndiye aliyekuwa mdomo wetu siku zote. Alikuwa amesimama kwenye baridi tangu wakati treni ilipotakiwa kufika, pua imekuwa nyekundu. Akatazama chini, akaona Bi Muzna amevaa ndala za ngozi za kupambwa. Akapiga ukelele mdogo, akakimbia dukani, akarudi na mabuti ya mpira ya rangi ya waridi.

"Hakukuwa na rangi nyingine," akasema kwa huzuni.

"Waridi ndiyo rangi yangu," Bi Muzna akajibu, nami nikatafsiri. Akatembea nayo kama malkia.

Njeri, theluji ni hivi: mwanzo ni kama unga wa barafu unaokwanguliwa kwenye friji kuukuu. Ukiendelea kuishika inaacha kuwa baridi, inaunguza.

Nyumba ya wageni

Mwenye nyumba ya wageni, mama mnene mwenye tabasamu, alitaka kujua tusichokula. Emi alikuwa ameshaondoka. Nikaona hili si gumu, nikakoroma kama nguruwe, nikatikisa kichwa kukataa. Akanitazama kwa huruma. Nikakoroma tena, kwa bidii. Akatoka mbio, akarudi na dawa ya mafua, kikaratasi cha kuzibia mdomo na maji ya moto.

Bi Muzna alicheka mpaka akaegemea ukuta. Baadaye tulijua kwamba nguruwe wa Japani hakoromi, analia *buu buu*. Ikabidi nichore. Nguruwe wangu alifanana na kifaru, lakini tukaelewana, na chakula kilikuwa samaki wa kuchoma, wali, na tambi nyeusi za baridi zenye figili ya kukunwa juu yake, kali hadi puani. Prossy, ungezipenda.

Kiwandani, siku ya kukataliwa

Nilidhani kiwanda cha Japani ni jumba la vioo na mashine zinazojiendesha. Kiwanda cha Mzee Morita ni banda refu la mabati kando ya mto, nyuma ya nyumba yake mwenyewe. Ndani mna safu mbili za mitambo ya kufuma inayorusha uzi kwa nguvu ya maji, na kelele yake inakuingia kifuani. Lakini ni safu moja tu iliyokuwa ikifanya kazi. Nyingine ilikuwa imefunikwa mashuka, kama samani za watu waliosafiri.

Emi alitueleza huku tunatembea. Alipoolewa, bonde zima lilikuwa na mlio huu, kila nyumba ya tatu ina mitambo. Kisha oda za vitambaa vya ndani ya makoti zikahamia nchi za jirani, za mashati ya michezo zikafuata. Kiwanda kilichokuwa karibu nao sasa ni maegesho ya magari ya duka kubwa. "Watoto wangu wanalala vizuri kuliko mume wangu alivyolala utotoni," akasema. "Yeye hapendi kimya hiki."

Kilichobaki kwa Mzee Morita kilikuwa hiki cheusi chetu, cha Waarabu.

Mzee mwenyewe ni mfupi, kofia ya sufu kichwani, mikono imekaa kama ya mtu wa kushona nyavu. Tukakaa ofisini kwake, mimi kati ya Bi Muzna na Emi.

"Mwambie tumetoka Doha kwa ajili ya kitambaa chake," Bi Muzna akaanza.

Nikamwambia Emi, Emi akamwambia Mzee.

"Hai," akasema Mzee.

"Mwambie hakuna kingine mfano wake."

"Hai."

"Mwambie namwomba asiache kukifuma."

"Hai, hai."

Bi Muzna akaniinamia sikioni. "Mbona anatwambia kila mara kwamba yu hai? Si tunamwona?"

Nikamnong'oneza kwamba jirani yangu wa ndegeni alinifundisha: hai kwao ni ndiyo.

"Ndiyo? Yote?" Uso wote ukamng'aa. "Alhamdulillahi! Tatu, toa zawadi." Nikatoa udi na kisanduku cha halua tulichokihifadhi. Bi Muzna akampa Mzee kwa mikono miwili, machozi yakimlengalenga. Mzee akapokea, akainama, na masikio yake yakawa mekundu. Emi alikuwa anatazama sakafu.

"Samahani," akaniambia taratibu. "Baba mkwe anaposema hai, maana yake anakusikia. Siyo kwamba amekubali."

"Basi jibu lake ni nini?"

Mzee akavuta pumzi kwa meno, muda mrefu, kisha akasema maneno machache.

"Anasema ni vigumu kidogo," Emi akatafsiri.

Nikampelekea Bi Muzna. "Kidogo!" akasema. "Kidogo si kitu. Kidogo tutakisukuma."

Tukakisukuma mpaka adhuhuri. Bi Muzna aliahidi kumwombea dua Makka. Aliahidi kumleta Doha yeye na familia yake. Mzee alisikia kila neno na kila mara akavuta pumzi ile ile. Mwishowe Emi alitusindikiza hadi mlangoni, akaniambia kile ambacho sikutaka kukitafsiri: kwao, mtu akisema ni vigumu kidogo, mlango umeshafungwa na kitasa kimezungushwa.

"Heri angesema hapana," Bi Muzna akasema.

"Hapana inauma sana," Emi akajibu.

"Na hii haiumi?"

Emi akainama. Tulirudi nyumba ya wageni kwa miguu, mabuti ya waridi yakizama thelujini. Mimi nilikuwa naihesabu moyoni meza yangu ya kukatia kama kitu kilichokwisha kuuzwa. Nitamwambiaje mdogo wangu? Nitaanzia wapi tena, Tanga, kwenye mji wenye mafundi kila baraza?

Kiwandani tena, siku ya kuaga

Kesho yake tulikwenda kuaga tu. Tulifika saa yao ya chai. Wanawake wanaosimamia mitambo walikuwa wamelizunguka jiko la mafuta ya taa, mikono imekunjuliwa kwenye joto. Mkubwa wao anaitwa Bi Hisako, mwanamke mkavu, mgongo wima, aliyeanza kazi pale akiwa msichana. Alitukaribisha machungwa. Kisha akamnong'oneza Emi jambo, na Emi akakataa. Akanong'ona tena.

"Anaomba msikasirike," Emi akaniambia, amejaa aibu. "Kuna jambo ametaka kuliuliza miaka mingi. Kwa nini kwenu watu wanakufa sana?"

Nikadhani nimesikia vibaya. "Wanakufa?"

"Hapa kwetu nguo nyeusi tupu ni ya msiba. Wamefuma kitambaa hiki maisha yao yote. Kila mwezi, majora kwa majora. Wanasema walikuwa wakiwaonea huruma. Bi Hisako huwasha ubani kwake nyumbani kwa ajili yenu."

Nikatafsiri. Bi Muzna akawatazama wale wanawake mmoja mmoja. Kisha kicheko kikamtoka toka tumboni, kikubwa mpaka na wao wakaanza kucheka bila kujua sababu.

"Mwambie wanaume watoke," akasema.

Walikuwa wawili tu, fundi mitambo na Mzee Morita aliyepita na makaratasi. Emi akawatoa, akafunga mlango. Na hapo, Mwajuma, ndiyo, ni kweli. Bi Muzna alivua baibui. Mnamjua, hata hospitali haendi na nguo iliyofifia. Ndani alikuwa na gauni la kijani kibichi, limetariziwa dhahabu kutoka shingoni hadi miguuni, na chini yake yale mabuti ya waridi. Wale kina mama wakasema "Eeeeh!" kwa pamoja, kama watu walioona fataki.

"Waambie hili si la msiba. Tunakwenda nalo sokoni, kazini, kuchumbia. Harusini tunakwenda nalo, na ndani yake ndimo yamo mambo yote." Akalivaa, akalivua, akazunguka, akalivaa tena. "Waambie nilivaa kitambaa chao siku nilipojifungua mwanangu wa kwanza, na siku alipooa."

Mimi nilikuwa nimeshaona cherehani ya nyumbani kwenye pembe, wanayoshonea vitambulisho vya majora. Nikaomba kipande cha kitambaa. Nikakikata kwa jicho, sikuwa na kanda ya kupimia, nikapiga mishono ya mabega na ubavu, upindo nikauacha. Nikamvisha Bi Hisako.

Akasimama haamini. Aligusa mkono wa baibui, akaupeleka shavuni. Kisha akatembea katikati ya mitambo, kutoka mwanzo wa banda hadi mwisho, na kitambaa kikimfuata nyuma kama kinavyofanya kikipata mtu wa kukivaa. Alipogeuka kurudi alikuwa anatembea polepole zaidi, kidevu juu. Wenzake wakapiga makofi. Mmoja alilia. Miaka yote ile walikuwa wamekiona kikiwa jora tu, kimefungwa, kinapakiwa, kinakwenda.

Mzee Morita alifungua mlango kuja kuona kelele ni za nini. Akamkuta Bi Hisako mbele yake. Alivua kofia. Akasema kitu kifupi, na Emi akachelewa kukitafsiri.

"Anasema hata yeye hakujua."

Tukakaa tena ofisini, na safari hii Mzee hakuvuta pumzi kwa meno. Alitueleza wazi. Yeye hajachoka kufuma. Tatizo ni kiwanda cha kutia rangi, bondeni chini. Nyeusi hii inatiwa kwenye pipa lake peke yake, na hawaliwashi moto kwa majora machache. Zamani maduka ya Ghuba yaliagiza kwa wingi. Sasa kila duka linaagiza kidogo, kwa wakati wake, kupitia wakala wake, na bei imepanda kwa sababu ya fedha yao. Wenye rangi wamechoka, watalivunja pipa. Zikikusanywa oda za kutosha kwa pamoja, hata mara moja kwa mwaka, litawaka.

Akataja kiasi. Kilikuwa mara nyingi ya kile tunachonunua sisi.

Bi Muzna akashusha mabega. Nikasema, kwa Kiswahili, nikiangalia kucha zangu, "Bi, yuko Umm Nasir."

Alinigeukia kwa jicho ambalo, jamani, kama si Wajapani kuwepo, nisingeandika haya.

Umm Nasir ana maduka matatu ya mabaibui, na hawajasemezana na Bi Muzna kwa muda mrefu. Aliwahi kusema kwenye harusi moja, mbele ya watu, kwamba mikono ya mabaibui ya Bi Muzna ni kama miguu ya suruali. Mikono hiyo niliikata mimi. Kwa hiyo nilikuwa na uchungu wangu pia, na nilikuwa nimeumeza kabla ya kulitaja lile jina.

"Mnasema nini?" Emi akauliza.

Bi Muzna aliipigapiga meza kwa kidole. Kisha akasema, "Mwambie Mzee atusubiri mpaka theluji iyeyuke na maua yao yachanue. Na weye Tatu, utakuja nami. Siendi peke yangu kwa mwanamke yule."

Emi akatafsiri. Mzee hakusema hai. Alisema neno jingine, na Emi akatabasamu kwa mara ya kwanza siku ile: "Atasubiri."

Kutoka Al Sadd hadi Al Wukair

Njia ya kurudi haina hadithi, tulilala kama magogo. Safari iliyokuwa ndefu kuliko zote ni hii fupi, kutoka dukani hadi nyumbani kwa Umm Nasir, Al Wukair. Tulikwenda asubuhi. Bi Muzna alimwambia dereva ageuze gari mara mbili. Mara ya tatu nikasema, "Bi, mtambo wa Bi Hisako unangoja," akamwacha dereva aende, tukafika.

Umm Nasir ni mwanamke mkubwa, sauti ya chini. Alitupokea kwa adabu zote na bila tabasamu. Ikaja harisi, lile bokoboko la ngano na nyama, ikaja kahawa. Wakaulizana hali za watoto, za wajukuu, za magoti. Kisha Bi Muzna akaweka kipande cha kitambaa kwenye meza.

Umm Nasir alikigusa kwa kidole gumba. Akainuka, akatuita chumbani kwake. Akainua shuka la kitanda. Chini ya kitanda kizima, na ndani ya kabati, na nyuma ya pazia, yalikuwa majora ya cheusi kile kile. Wakala alimwambia naye, na alikuwa ameyazungukia maduka yote ya Doha akinunua mabaki.

"Mume wangu anasema nalala juu ya ghala," akasema.

Bi Muzna akaketi kwenye kitanda kile kama wa kwake. Akamweleza yote, banda, pipa la rangi, misiba yetu isiyokwisha. Walicheka mpaka mtumishi akaja kuchungulia. Umm Nasir akasema maduka yake matatu yataingia, na dada yake mwenye duka Al Khor ataingia, apende asipende.

Tukampigia Emi pale pale. Akaipeleka simu bandani, tukausikia ule mlio. Nilisema Kiingereza, nikageuza Kiswahili kwa Bi Muzna, naye akageuza Kiarabu kwa Umm Nasir, na majibu yakarudi njia hiyo hiyo. Emi akasema wenye rangi watawasha pipa. Mwaka huu wana hakika, na ujao tutaona, kwa sababu oda za nje bado zinapungua na hakuna anayejua. Nyuma yake Bi Hisako alikuwa anapaza sauti.

"Anauliza," Emi akasema, "baibui la kwanza la kitambaa hiki kipya litakwenda harusi ya nani?"

Nikatafsiri. Bi Muzna akatafsiri. Umm Nasir akajibu palepale, bila kufikiri:

"Ya binti yangu, baada ya Idi. Na Muzna atakaa mbele, pamoja nami."

Harusi hiyo ilikuwa imeshazungumzwa Doha nzima, na kadi haikuwa imefika dukani kwetu. Nilingoja Bi Muzna anigeuzie maneno yale kwa Kiswahili, ili niyapeleke Japani. Hakugeuza. Alikuwa anatengeneza shela yake, akaitengeneza, akaitengeneza tena, na kule upande wa pili wanawake wa Fukui walikuwa wanangoja jibu. Kiarabu changu cha sokoni kilinitosha. Nikashika simu, nikamwambia Emi mwenyewe.